Siku Mzee Zabroni Alipojitaja kwa Kipaza Sauti

Mmeniaga vizuri, vijana wangu, nashukuru. Keki nimekula, kitenge nimeshashona. Sasa mnanisumbua kwenye simu: "Mama Mwanaidi, tuandikie kazi ilivyokuwa, na sisi tujifunze." Haya, naandika. Ila habari za vyeo msizitegemee, kwa sababu zangu ni fupi mno, na za mishahara zitanipandisha presha bure. Nitaandika habari za mashine, za barabara, na za Mzee Zabroni aliyenifundisha kazi. Halafu nitawaambia habari za mchana mmoja ambao mpaka leo haujanitoka.

Jueni mapema kwamba mimi ni mwoga. Nilikuwa mwoga siku ya kwanza na nimestaafu nikiwa mwoga. Mtu wa kushughulika na umeme, petroli na mkusanyiko wa watu, akiwa si mwoga mimi simwamini.

Nilifika Kasulu nikitokea Lushoto, binti wa Kisambaa na sanduku la bati, nimepangiwa kitengo cha sinema cha shirika letu. Nilidhani naenda kwenye jengo lenye viti. Kumbe sinema yenyewe ilikuwa Landrova moja, jenereta, shuka jeupe, mashine ya mikanda yenye uzito wa mbuzi aliyenona, na Zabroni. Huyu alikuwa Mha wa hapo hapo Kasulu. Wakati ule hakuwa mzee, ila watu walishaanza kumwita mzee kwa sababu ya ukali wake. Neno la kwanza aliloniambia, hata shikamoo yangu hajaipokea, ni hili: "Balbu ya mashine usiiguse kwa vidole. Ukiigusa, mafuta ya ngozi yanabaki, inawaka inapasuka, na nyingine inatoka Dar es Salaam. Unaelewa Dar es Salaam ni wapi?" Nikamwambia naelewa. "Basi marahaba," akasema.

Onyesho langu la kwanza lilikuwa Mtabila, kambi ya wakimbizi ikiwa bado ina watu wa Burundi wengi kupita kiasi. Tulitundika shuka katikati ya uwanja, watu wakajaa mbele, na waliokosa nafasi wakakaa nyuma ya shuka. Filamu ilikuwa ya kuchimba vyoo. Wa nyuma waliona kila mtu anashika jembe kwa mkono wa kushoto. Kesho yake tulikuta mabishano makali kama choo kinachimbwa kwa kushoto au kwa kulia, na bwana afya alitulaumu sisi. Nilikuwa nimejificha ndani ya gari. Zabroni alicheka mpaka akakohoa.

Kazi ya Zabroni ilikuwa kusema. Filamu zetu nyingi zilikuja na lugha za kwao, na hata zile za Kiswahili zilikuwa na Kiswahili cha ofisini. Kwa hiyo yeye alisimama mbele, pembeni ya shuka, na kipaza sauti chenye waya, akisema kila mtu kwenye picha anasema nini: Kiswahili kidogo, Kiha kidogo, na akiwa kambi ya Nyarugusu anachanganya na ya Wakongo. Mimi nilikaa nyuma kwenye mashine. Tuliwasiliana kwa kivuli: nikiweka ngumi mbele ya mwanga, kwenye shuka inatokea ngumi, maana yake fupisha, petroli inaisha. Nikiweka kiganja, maana yake kuna tatizo, ngoja kwanza. Watazamaji walidhani ni sehemu ya filamu.

Jambo jingine, na hili mlishike, ni majina. Watu wetu hawakubali filamu ambayo mtu hana jina. Nyarugusu kina mama walikuwa wanapiga kelele kabisa: "Mzee, ule mutu jina yake ni nani? Tupatie jina!" Na ukiwapa jina la Ulaya, wananuna. Kwa hiyo Zabroni alikuwa na desturi yake. Tukifika kijiji chochote, iwe Nyakitonto au Gwarama, yeye hashuki kufunga waya. Anaenda kutafuta chai. Anakaa na wenyeji, anauliza nani mvivu hapa, nani ana maneno mengi, nani anapenda kuazima baiskeli. Onyesho likianza, mvivu wa filamu anapewa jina la mvivu wa kijiji, na watu wanacheka hadi wanaanguka kwenye mabenchi. Mwenye jina mwenyewe anacheka kuliko wote, anajiona amekuwa mtu mkubwa. Sijawahi kuona aliyekasirika.

Miaka ikaenda, mikanda ikaondoka, ikaja projekta ndogo na kompyuta. Mtabila ikafungwa. Zabroni akawa mzee wa kweli, akabakizwa kwa mkataba kwa sababu hakuna kijana aliyeweza kusema kama yeye. Na hapo ndipo ilipokuja filamu bubu.

Ilikuja kwenye diski, zawadi ya mgeni mmoja aliyepita ofisini, ikakaa kwenye droo. Ni ya zamani sana, nyeusi na nyeupe, haina sauti hata kidogo. Watu wamepakwa poda usoni, macho wameyatoa. Nyumba zote zimepinda, ngazi zimelala upande, utasema fundi alikuwa amelewa. Katikati yanajitokeza maandishi ambayo hatukuyajua. Mwalimu mmoja wa sekondari hapo Kasulu, mtu wa Songea, ndiye aliyetueleza: hiyo imetoka kwenye riwaya kubwa ya Kirusi. Kijana maskini anamuua bibi kizee kwa shoka, hakuna anayemjua, lakini hatia inamla polepole, halali, hali, mpaka anakwenda kukiri mwenyewe. Zabroni alisikiliza na mdomo wazi. Mwalimu alipomaliza, akasema, "Hii ni yangu. Hii imeachwa bila sauti ili niiseme mimi."

Tuliionyesha mahali kadhaa na watu waliipenda kuliko vyoo, naomba mnisamehe. Halafu tukafika kijiji kimoja upande wa Kibondo. Jina silitaji, wenyewe wapo.

Ilikuwa mchana na mvua imeshika. Nje haiwezekani, kwa hiyo tukapewa ghala la mazao lililokuwa tupu. Tulipigilia mablanketi kwenye madirisha kwa misumari ili kupata giza. Mlango ni mmoja. Mwenye ufunguo wa ghala alikuwa mama mmoja wa makamo, Leokadia, mkimya, amevaa nguo nyeusi ya msiba. Ndiye aliyemkaribisha Zabroni chai. Mimi nilikuwa nahangaika na jenereta chini ya upenu, sikusikia walichoongea. Nilimwona tu Zabroni anarudi anasugua mikono, anasema, "Leo nimepata jina zuri la kijana wetu. Yule mama anasema ni mcheshi wa hapa."

Ghala likajaa. Mvua juu ya bati inanguruma, spika tumezifungua mpaka mwisho. Kijana akatokea kwenye shuka, nywele zimevurugika, macho ya homa. Zabroni akasema kwa mbwembwe zake zote: "Mnamwona huyu? Huyu anaitwa Yeremia. Anakaa hapa hapa, njia ya bondeni!"

Hakucheka mtu. Vijana wangu, mimi nimekaa nyuma ya mashine karibu maisha yangu yote, najua kimya cha watu waliovutiwa na kimya cha watu waliochoka. Kile hakikuwa kimojawapo. Zabroni yeye alidhani hawakusikia kwa sababu ya mvua, akarudia jina kwa nguvu zaidi. Kwenye shuka kijana anapanda ngazi zilizopinda, shoka ndani ya koti. "Yeremia anapanda! Yeremia anabisha hodi kwa bibi!" Mtu mmoja upande wa kina mama akapiga ukunga, akimwita mama yake kwa Kiha: "Mawe wee!"

Mkono ukanishika begani nikaruka. Ni Leokadia.

"Dada, simamisha. Simamisha mtu wako."

"Kuna nini?"

"Bibi yetu amekufa juzi juzi, mama yangu mzazi. Tulimkuta chini kwenye kingo za kisima, kichwa kimepasuka. Watu wanasema ni Yeremia, waligombanaga mpaka wa shamba. Hakuna aliyeona. Mimi ndiye nilimpa mzee jina."

"Wewe? Kwa nini?"

"Nilitaka nimwone uso. Nilitaka litajwe nimwangalie usoni, basi. Sikutaka hivi. Angalia mlangoni."

Nikaangalia. Wanaume walikuwa wamesimama mlangoni, na mmoja alikuwa anapitisha fimbo kwa wenzake, taratibu, kama mtu anayegawa sahani. Leokadia akaninyooshea kidole: nguzo ya pili, mwanaume wa koti la kijani, peke yake. Watu walikuwa wamesogea wakamwachia nafasi pande zote. Yeye hakusogea. Alikuwa anatazama shuka.

Mkono wangu ulishafika kwenye swichi nikaurudisha. Fikirini wenyewe. Madirisha yamepigiliwa, mwanga uliopo ghala zima ni ule wa projekta. Nikizima, giza, na gizani hakuna mwenye mkono wala jina. Wangemuua pale pale na kesho kila mtu angesema hakuona. Nikiacha iendelee, Zabroni anaendelea kumwita muuaji kwa kipaza sauti. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze mimi na mashine yangu.

Nikaweka kiganja mbele ya mwanga. Kikatokea kwenye shuka, kikubwa. Zabroni akanyamaza. Nikamwambia Leokadia, "Kaa hapa, usiguse kitu," nikapita katikati ya watu, nakanyaga miguu, naomba radhi, filamu inaendelea bila neno, kijana ananawa damu. Nilipomfikia Zabroni nilimnong'oneza yote kwa pumzi moja. Alifunika kipaza sauti kwa kiganja.

"Yupo humu?"

"Yupo. Wana fimbo mlangoni. Wanangoja tu."

"Zima basi!"

"Nikizima watamuua gizani, mzee."

Nilimwona anazeeka mbele ya macho yangu. Mwanga wa picha ulikuwa unampita usoni, mweusi, mweupe. Akasema, "Mwanaidi, rudi kwenye mashine. Usizime, hata iweje. Hata ukiona wananipiga mimi."

Nikarudi. Nilipokaa, sauti yake ikaanza, na haikuwa ile ya mbwembwe. Ilikuwa ya chini, ikabidi watu wainue vichwa wapate kusikia.

"Ndugu zangu, nimewadanganya. Nimesema huyu anaitwa Yeremia. Jina hilo nimelisikia leo kwenye chai, nikalichukua nikajificha nyuma yake. Mtu aliyeua anafanya hivyo, anatafuta jina la mwenzake. Huyu kijana haitwi Yeremia. Anaitwa Zabroni. Ni mimi."

Ghala lilitoa sauti ambayo sijapata kuisikia tena. Mmoja wa pale mlangoni akafoka: "Mzee, acha utani! Umesema Yeremia!"

"Nimesema. Na nyinyi mlikuwa tayari, si ndiyo? Nimetaja jina tu, mkashika fimbo. Sasa nataja langu. Zishikeni vizuri, mje hapa mbele. Lakini kwanza mnisikilize."

Akaanza kuisema filamu yote kwa nafsi yake. Sikujua kama binadamu anaweza kusema vile. Kijana akilala kitandani anagaragara, Zabroni anasema, "Usiku ule nilisikia kila panya." Kijana akikutana na askari barabarani, Zabroni anasema, "Aliniuliza habari za nyumbani nikadhani anauliza habari za bibi." Kila nyumba iliyopinda akasema ndivyo alivyoziona nyumba za Kasulu tangu siku ile, hakuna iliyosimama wima. Watu waligeuka mmoja mmoja kutoka kwenye nguzo ya pili wakamtazama yeye. Hapo ndipo hofu yangu ilihamia kwake, kwa sababu wenye fimbo nao waligeuka. Mmoja alishasogea mbele mpaka katikati ya ghala. Nilikuwa naomba Mungu kwa dua zote ninazozijua, na nyingine za kanisani nilizozisikia tu kwa majirani.

Zabroni alimwona anakuja. Hakuacha kusema. Kwenye shuka kijana alikuwa anashuka ngazi kwenda kukiri, anasita, anarudi, anashuka tena. "Miguu inakataa," akasema. "Nani humu miguu yake haijawahi kukataa?" Yule mwenye fimbo akasimama. Akakaa chini, hapo hapo kwenye sakafu, fimbo magotini, akatazama mpaka mwisho.

Filamu ilipokwisha niliacha shuka jeupe ling'ae, sikuthubutu kuzima. Watu walitoka kwenye mvua bila kupiga makofi, bila hata kuagana. Walimpita Zabroni kwa mbali, kina mama wanavuta watoto. Kwao alikuwa amekwisha kuwa muuaji, na mpaka anaacha kazi hatukurudi kijiji kile. Alijitia doa hilo akijua. Mkitafuta mtu shujaa katika kitengo hiki, ndiye huyo, msinitafute mimi.

Zabroni alikaa juu ya boksi la spika, akaomba maji. Leokadia alikuwa anang'oa mablanketi dirishani bila kutuangalia. Mwanga wa jioni ukaingia, na ndipo nikaona koti la kijani bado lipo kwenye nguzo ya pili.

Yeremia alikuja polepole. Mtu wa miaka arobaini hivi, mikono ya jembe. Alipiga goti kidogo kama wafanyavyo huku kwa wakubwa.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba, mwanangu. Pole sana. Nenda nyumbani."

Hakwenda. Akasema, "Mzee, baada ya kusema, usingizi ulirudi?"

Zabroni akanitazama. Mimi nilitikisa kichwa. Sijui nilikuwa namwambia nini.

"Mimi sijaua mtu," Zabroni akasema. "Nimesema uongo mchana mzima. Ilikuwa ni filamu tu, mwanangu."

"Kwa hiyo hujui."

"Sijui."

Alishusha kichwa kama mtu aliyeambiwa dawa imeisha dukani. Halafu akaanza kusema mwenyewe, anatazama sakafu. "Mimi sikumgusa. Nilikuwa natoka bondeni na jembe langu. Akaniita kule kisimani. Nikasema moyoni, huyu ananiita tutukanane tena habari za mpaka. Nikapita. Akaniita tena, nikaongeza mwendo. Asubuhi nasikia wanalia. Angekuwa mzima, mzee. Ningeshuka tu, angekuwa mzima. Sasa kila nikilaza kichwa ananiita."

Kitu kilianguka nyuma yetu. Leokadia alikuwa ameachia nyundo. Nikasimama haraka katikati yao, kwa sababu niliona uso wake, na siwezi kuwaelezea ule uso.

"Ungesimama tu," akasema. "Yeremia! Ungesimama tu!"

"Ndiyo, mama."

"Alikuwa peke yake mpaka asubuhi. Na baridi ile."

"Ndiyo."

Zabroni aliinuka, akashika mkono wangu, na sijui nani alikuwa anamshikilia mwenzake. Kisha Leokadia akauliza, kwa sauti ndogo ambayo haikuwa yake, "Alikuitaje?"

Yeremia akageukia mlango.

"Nakuuliza. Hakuna aliyemsikia tena zaidi yako. Alikuita akisemaje?"

"Alisema, 'Yeremia, mwanangu, njoo.'"

"Mwanangu?"

"Mwanangu. Mara zote mbili."

Leokadia akakaa juu ya benchi, akajifunika uso kwa khanga, akalia kilio cha mtu aliyekuwa bado hajalia tangu msiba uanze. Yeremia akalia. Na mimi nikalia, wala sioni haya. Alipojifunua, macho yamemvimba, hakumwambia kwamba amemsamehe. Alimwambia, "Kaka zangu wanakuja kesho asubuhi. Utakuja uwaambie vile vile ulivyosema hapa, na hilo la mwanangu usiliache. Utakaa kwenye mkeka wangu, ubavuni kwangu. Atakayeinua mkono, ataanza na mimi."